Dira ya kampuni ya ala za muziki: ufuate njia ya Yamaha, Steinway, Fender au Gibson?

Muuza viatu anajua mteja wake atarudi, kwa sababu viatu huisha. Muuza ala za muziki hana uhakika huo. Piano iliyotengenezwa vizuri na kutunzwa hupita kwa babu, kwa mtoto na kwa mjukuu. Gitaa la umeme aina ya Les Paul lililotengenezwa mwaka 1959 leo hununuliwa kwa mamia ya maelfu ya dola, na bado linapigwa. Kampuni ikifanya kazi nzuri inajiwekea mshindani asiyezeeka, yaani ala zake yenyewe zilizokwisha kuuzwa, ambazo zinaendelea kubadilisha mikono bila yenyewe kupata hata senti. Dira yoyote ya miaka kumi au ishirini katika biashara hii lazima ianze kwa kulijibu hilo, na mipango mingi inayopendeza kwenye makaratasi hulikwepa.

Halafu kuna suala la mpigaji. Hakuna anayehitaji klarineti kama anavyohitaji sabuni. Mpigaji hutengenezwa kwa miaka, na wengi huacha njiani kabla hawajanunua ala ya pili. Kampuni inayokaa kungoja wapigaji wajitokeze wenyewe inaishi kwa kudra.

Ulinganisho huu ni kwa anayeandika mkakati wa kampuni ya aina hii, anayefikiria kuwekeza humo, au fundi mwenye karakana ya watu watano anayetaka ifike watu hamsini. Nimezichukua kampuni zilizopita njia tofauti na kuziuliza maswali yaleyale: ukuaji utatoka wapi? Pesa ni za nani, na mwenyewe anaweza kusubiri kwa muda gani? Na mbao na mikono ya mafundi vitatoka wapi miaka thelathini ijayo?

Upana au kilele: Yamaha na Steinway

Torakusu Yamaha aliingia kwenye biashara hii mwaka 1887 kwa kukarabati kinanda cha upepo kilichoharibika katika shule moja mjini Hamamatsu, Japani. Kampuni yake, Nippon Gakki, iliandikishwa mwaka 1897 na ikaanza kutengeneza piano mwaka 1900. Leo Yamaha inauza karibu kila kitu kinachotoa sauti: piano, tarumbeta, filimbi, ngoma, magitaa, vinanda vya umeme, mashine za kuchanganyia sauti na spika za kumbini.

Ukitazama kwa haraka utadhani siri ni wingi wa bidhaa. Mimi naiona kwingine. Mwaka 1954 kampuni ilianzisha madarasa ya muziki ya majaribio, chini ya uongozi wa Genichi Kawakami, na madarasa hayo yakaenea hadi takriban nchi 40. Mtoto anaanza kuimba na kugusa kinanda akiwa na miaka minne au mitano, mwalimu wake anatumia ala za kampuni, na mzazi anapofika wakati wa kununua tayari anajua pa kwenda. Muhimu zaidi ni kwamba hata mtoto huyo asiponunua Yamaha maisha yake yote, tayari kuna mpigaji mmoja zaidi duniani. Soko lenyewe limekua, na kampuni haikulazimika kumnyang'anya mwenzake mteja.

Upana wa Yamaha una kanuni nyingine ambayo wanaoiga hawaioni. Baada ya vita, kampuni ilikuwa na mitambo iliyowahi kutengeneza rafadha, yaani mapanga yanayozunguka kuisukuma ndege, imekaa bure. Kawakami akaamua itumike kutengeneza pikipiki, na mwaka 1955 biashara hiyo ikaundiwa kampuni yake, Yamaha Motor, yenye hesabu zake na uongozi wake. Pikipiki zingeanguka, piano zisingezikwa pamoja nazo. Kwenye elektroniki ilikuwa hivyohivyo kwa maana ya subira: miaka ya 1970 walichukua leseni ya mbinu ya kuzalisha sauti iliyobuniwa na John Chowning wa Chuo Kikuu cha Stanford, wakaifanyia kazi kwa karibu miaka kumi, wakatengeneza chipu zao wenyewe, na mwaka 1983 wakatoa DX7, mojawapo ya sintesaiza (vinanda vinavyounda sauti kwa elektroniki) zilizouzwa kwa wingi kuliko zote katika historia. Walipanuka kuelekea mahali ambapo mikono yao ilikuwa imeshaanza kufika.

Steinway & Sons ilipanda badala ya kutanuka. Ilianzishwa New York mwaka 1853, ikafungua kiwanda cha pili Hamburg mwaka 1880, na mpaka leo inatengeneza piano elfu chache tu kwa mwaka. Ukitaka kuelewa kwa nini haiwezi kuharakisha, tazama unavyotengenezwa ubavu wa piano kubwa. Mafundi hupaka gundi matabaka membamba ya mbao ngumu, hadi 18, na kuyapanga kuwa ubao mmoja mrefu mzito. Wanaubeba kwa pamoja gundi ikiwa bado mbichi, wanaupeleka kwenye umbo la chuma, kisha wanaupinda kwa nguvu za miili yao, kona kwa kona, huku wakiubana kwa vibanio vizito. Muda wa kusitasita haupo, kwa sababu gundi haisubiri. Ukitoka hapo, ubavu huo hupumzishwa kwa majuma mengi katika chumba chenye joto na unyevu vilivyopimwa, hadi mbao isahau kwamba ilikuwa imenyooka. Piano nzima ina vipande zaidi ya 12,000 na huchukua karibu mwaka mmoja kukamilika.

Kampuni ya namna hii inakuaje? Kwanza kwa jukwaa. Wapiga piano walio kwenye orodha yake ya wasanii hawalipwi kwa kuitumia. Wanatakiwa wawe nayo wenyewe. Vyuo vinavyotaka kuitwa vya Steinway hutakiwa angalau asilimia 90 ya piano zao ziwe za kampuni hiyo. Kwa hiyo kijana anayesomea piano anaizoea sauti hiyo miaka mingi kabla hajawa na uwezo wa kuinunua. Pili, kwa kushuka mlima kwa jina jingine: mwaka 1992 ilizindua chapa ya Boston, inayotengenezwa na Kawai, na baadaye Essex, ya bei nafuu zaidi. Tatu, mwaka 2015 ilileta Spirio, piano inayojipiga yenyewe kwa kurudia mipigo ya wapigaji mashuhuri. Wapo walioinunia, lakini kibiashara ilikuwa hatua ya akili sana: ilifungua mlango kwa tajiri anayependa muziki ila hajui kupiga, bila kupunguza hata kidogo ubora wa piano yenyewe.

Angalia jinsi kampuni hizi mbili zilivyokutana katikati. Steinway ilipotaka wanunuzi wa chini haikuweka jina lake kwenye piano ya bei rahisi. Yamaha ilipotaka kilele, mwaka 2008 ilimiliki Bösendorfer, nyumba ya piano iliyoanzishwa Vienna mwaka 1828, ikaacha jina likae na kazi iendelee kufanyika Austria. Zote mbili zinajua kwamba jina kwenye ala ni ahadi, na ahadi mbili haziandikwi kwenye bamba moja.

Udhaifu wa kila upande uko wazi. Steinway, kwa sababu ni ndogo na jina lake ni kubwa, imekuwa ikiuzwa na kununuliwa kila mara: familia iliiuza kwa kampuni ya utangazaji ya CBS mwaka 1972, CBS ikaiachia mwaka 1985, ikaungana na Selmer, watengeneza ala za kupulizwa, mwaka 1995, ikaingia soko la hisa mwaka 1996, na mwaka 2013 ikanunuliwa na kampuni ya uwekezaji ya Paulson kwa takriban dola milioni 512. Kila mmiliki mpya huja na saa yake mkononi. Yamaha nayo, kwa ukubwa wake, hupigwa na mawimbi ya nchi nzima. Mahitaji ya piano nchini China yaliposhuka mwanzoni mwa miaka ya 2020, walioumia si Yamaha peke yake, bali pia Kawai ya Japani na Pearl River ya China yenyewe, waliokuwa wamepanga ukuaji wao kwa kutegemea wazazi wa nchi hiyo.

Mwanzo mmoja, njia mbili: Fender na Gibson

Hapa ndipo penye somo kubwa zaidi, kwa sababu kampuni hizi zinafanana mno. Zote ni za Marekani na zote zinaishi kwa gitaa la umeme. Fender iliuzwa kwa CBS Januari 1965 kwa dola milioni 13. Kampuni mama ya Gibson ilinunuliwa mwaka 1969 na kundi lililokuja kuitwa Norlin. Katika mikono hiyo zote mbili zilishuka sifa, wapigaji wakaanza kusaka magitaa ya zamani badala ya mapya. Kisha zote zikakombolewa karibu wakati mmoja: Fender mwaka 1985 na kundi lililoongozwa na William Schultz, kwa takriban dola milioni 12.5, na Gibson mwaka 1986 na Henry Juszkiewicz na wenzake, kwa dola milioni 5. Katikati ya miaka ya 1980 zilisimama kwenye mstari uleule wa kuanzia, na zote zilifanikiwa kurudisha ubora.

Fender ikajenga ngazi. Chapa ya Squier, iliyoanza mwaka 1982 kwa magitaa ya Japani, ikawa daraja la chini. Kiwanda cha Ensenada, Meksiko, kilichofunguliwa mwaka 1987, kikawa daraja la kati. California ikabaki juu, na juu kabisa ikawekwa karakana ya magitaa ya kuagiza. Umbo ni lilelile la Stratocaster, gitaa lake mashuhuri la mwaka 1954, lakini kijana wa kwanza kushika gitaa na mpigaji wa kulipwa wote wana mahali pao, na kila mmoja anaona daraja linalofuata.

Ngazi peke yake haikutosha. Mwaka 2012 Fender ilijaribu kuuza hisa kwa umma ikashindwa na kuahirisha. Andy Mooney, aliyetoka Nike na Disney, alipochukua uongozi mwaka 2015, kampuni ilichunguza nani hasa ananunua. Takwimu alizozitangaza zilikuwa za kushtua: karibu nusu ya magitaa yalikuwa yanakwenda kwa wanaoanza, na takriban asilimia 90 kati yao walikuwa wanaacha ndani ya mwaka wa kwanza. Wachache wanaobaki ndio wanaonunua gitaa la pili, la tatu, amplifaya na kila kikorokoro.

Soma tena takwimu hiyo kama mtu anayepanga mkakati. Ukipunguza wanaoacha kutoka 90 hadi 80, idadi ya wanaobaki inakuwa mara mbili. Hakuna muundo mpya wa gitaa, hakuna tangazo, hakuna punguzo la bei linaloweza kukupa ukuaji wa namna hiyo. Ndiyo maana mwaka 2017 Fender ilizindua Fender Play, programu ya masomo kwa malipo ya mwezi. Watu walipofungiwa majumbani mwaka 2020, ilitoa miezi mitatu ya bure na karibu watu milioni moja wakajiandikisha, na mwaka huo ukawa wa mauzo makubwa kuliko yote katika historia yake hadi hapo. Uchunguzi wa kampuni uligundua pia kwamba karibu nusu ya wanunuzi wapya Marekani na Uingereza walikuwa wanawake, kundi ambalo maduka mengi ya magitaa yalikuwa yamezoea kulihudumia kama wasindikizaji. Jambo hili linanigusa: kwa miongo mingi nusu ya wateja walikuwa wamesimama mlangoni, na hakuna aliyewakaribisha.

Gibson ilichagua kuwa kampuni ya maisha yote ya muziki. Ilinunua Baldwin, watengeneza piano, mwaka 2001. Mwaka 2013 ikachukua sehemu kubwa ya TEAC ya Japani, watengeneza vifaa vya sauti, na programu ya kurekodi ya Cakewalk. Mwaka 2014 ikanunua kitengo cha vifaa vya sauti vya nyumbani vya Philips kwa dola milioni 135. Nia ilieleweka: magitaa ni soko dogo, hedifoni na spika ni soko la dunia nzima. Wakati huohuo, magitaa yenyewe yalianza kuchezewa. Matoleo ya mwaka 2015 yaliyotengenezwa Marekani yalipewa, karibu yote, mashine ya kujitune yenyewe pamoja na bei iliyopanda. Wapigaji hawakuwa wameiomba, na wengi waliikataa.

Mei 1, 2018, Gibson iliomba ulinzi wa mahakama dhidi ya wadai, ikiwa na madeni ya hadi dola milioni 500. Kinachouma ni kwamba biashara ya magitaa ilikuwa bado inatengeneza faida. Gitaa halikufilisika, lilibebeshwa mizigo ya spika. Novemba mwaka huohuo kampuni ikatoka mahakamani ikiwa chini ya kampuni ya uwekezaji ya KKR, na uongozi mpya ukarudi kwenye Les Paul na magitaa mengine ya asili, ukaipa chapa ya Epiphone uzito wake kama daraja la chini, na mwaka 2021 ukatoa programu ya masomo ya gitaa. Yaani Gibson mpya iliifuata Fender.

Je, kosa lilikuwa kutanuka? Yamaha ilitanuka zaidi ya hapo na haikuanguka. Tofauti ninazoziona ni za msingi. Yamaha iliingia kwenye elektroniki kwa kujifunza ndani, Gibson kwa kununua ujuzi wa wengine. Yamaha ilizitenga hesabu za pikipiki, Gibson ilikopa kwa mgongo wa magitaa. Na hedifoni zina mwendo wake: faida nyembamba, mtindo mpya kila mwaka, washindani wenye mitaji ya kutisha. Biashara inayogeuka kila baada ya miezi kumi na miwili haiwezi kuendeshwa na akili zilezile zinazongoja mbao ikauke.

Pesa za nani?

Roland inafaa kutajwa hapa kwa ufupi. Ilianzishwa na Ikutaro Kakehashi mwaka 1972 na ilikuwa kinara wa ala za elektroniki, lakini miaka ya 2010 ilikuwa katika hali mbaya. Mwaka 2014 uongozi wake, ukisaidiwa na wawekezaji wa Taiyo Pacific Partners, uliinunua kampuni na kuiondoa soko la hisa. Mwasisi mwenyewe alipinga hadharani. Ikapanga upya bidhaa na gharama bila macho ya robo mwaka kwa robo mwaka, ikarudi soko la hisa la Tokyo Desemba 2020, na mwaka 2022 ikaongeza Drum Workshop, watengeneza ngoma wa Marekani. Kama mbinu, ilifaulu. Ila ieleweke kwamba mwekezaji wa aina hiyo huingia akiwa na siku ya kutoka, na dira yako itaandikwa ndani ya miaka yake.

Roland ina jambo jingine la kuzingatia. Mashine yake ya midundo TR-808, iliyotoka mwaka 1980, haikuuzwa sana na ilisimamishwa mwaka 1983, baada ya aina ya transista zenye kasoro zilizokuwa zinaipa sauti yake kutopatikana tena. Vijana wakaziokota zilizotumika kwa bei ya kutupa, na sauti hiyo ikawa uti wa mgongo wa hip hop na muziki wa dansi wa elektroniki. Miongo mitatu baadaye Roland ilikuwa inauza sauti ileile katika mashine mpya na katika programu. Kwa hiyo anayeandika dira aweke humo utunzaji wa michoro, vipimo na mashine za zamani. Bidhaa iliyokataliwa leo inaweza kuwa mali ya kampuni kizazi kijacho.

Kwa pesa zenye subira, mifano mizuri ni Martin, inayotengeneza magitaa tangu 1833 na bado ni ya familia. Zildjian, watengeneza matoazi waliotokea Istanbul mwaka 1623, nayo ya familia. Na Taylor, watengeneza magitaa wa Marekani, ambayo mwaka 2021 wamiliki wake waliihamishia kwa wafanyakazi wote. Njia hii ya mwisho naiona bora kuliko inavyopewa nafasi. Fundi anayejua kupinda ubavu au kuchonga shingo ya gitaa ndiye kampuni yenyewe. Akiwa na hisa, ana sababu ya kumfundisha kijana aliye pembeni yake.

Mbao ni sehemu ya mkakati

Mipango mingi huweka mbao kwenye ukurasa wa mwisho, chini ya kichwa cha mazingira. Ni kosa. Klarineti na obo nzuri hutengenezwa kwa mpingo, ambao unahitaji miaka sabini au zaidi kabla ya kufaa kuvunwa, na ni sehemu ndogo tu ya gogo inayotoka bila ufa wala mafundo. Januari 2017 mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe walio hatarini, CITES, uliweka jamii nzima ya miti hiyo, pamoja na ile inayotumika kwenye magitaa, chini ya udhibiti wa vibali. Watengeneza magitaa walilazimika kubadili mbao za baadhi ya matoleo yao haraka haraka, hadi ala zilizokamilika zilipoondolewa kwenye sharti hilo mwishoni mwa 2019. Aliyekuwa hana mpango alipoteza karibu miaka mitatu.

Linganisha tena kampuni mbili za Marekani, safari hii kwa mbao nyeusi za ubao wa vidole. Gibson ilivamiwa na maofisa wa serikali mwaka 2009 na tena 2011 kuhusu mbao zilizotoka Madagaska na India. Mwaka 2012 ikamaliza shauri kwa kulipa dola 300,000, na nyingine 50,000 za uhifadhi. Taylor, mwaka 2011, ilinunua pamoja na mshirika wake wa Hispania kiwanda cha kupasua abanusi, mti unaotoa mbao hizo nyeusi, mjini Yaoundé, Kameruni. Huko Bob Taylor, mmoja wa waasisi wa kampuni, akaelezwa jinsi kazi inavyofanyika: mti unakatwa, unatazamwa moyo wake, ukionekana una michirizi ya kahawia unaachwa ulipoangukia, na kwa wastani ni mmoja kati ya kumi uliokuwa mweusi tupu kama soko linavyotaka. Kuanzia hapo kampuni ikanunua pia mbao zenye michirizi na kuziweka kwenye magitaa yake ya bei kubwa, ikabaki na kazi ya kuwashawishi wapigaji kwamba michirizi si dosari. Baadaye ikaanza kufadhili upandaji wa miche ya abanusi na jamii za huko.

Yamaha nayo inafanya kazi na wanavijiji wa Kilwa, Tanzania, pamoja na shirika la uhifadhi wa mpingo la huko, katika misitu inayomilikiwa na vijiji vyenyewe, ambako uvunaji hufuata viwango vya kimataifa na mapato hurudi kijijini. Anayepanda mpingo leo hatapiga klarineti yake. Mpango unaokubali hivyo kwa maandishi na kuutengea fedha ndio naouita wa muda mrefu.

Uchague ipi

Kama una karakana ndogo yenye mafundi hodari, fuata kilele. Usishindane kwa idadi. Tafuta jukwaa na vyuo vichache vyenye masikio, wape ala zako, na ukihitaji bidhaa ya bei nafuu itengenezwe na kiwanda kingine kwa jina jingine. Hatari yako kubwa ni kuuzwa, basi panga mapema nani atarithi hisa.

Kampuni ya kati, yenye bidhaa moja inayojulikana na wanunuzi wengi wanaoanza, ningeipeleka njia ya Fender bila kusita. Jenga ngazi ya bei, kisha weka fedha kwenye masomo kabla ya kuweka kwenye muundo mpya. Kipimo cha kwanza kwenye taarifa ya kila mwaka kisiwe ala ngapi zimeuzwa, kiwe wangapi kati ya walionunua mwaka jana bado wanapiga. Ni kipimo kigumu kukipata, na uongozi utakilalamikia. Kidai hivyohivyo.

Upana wa Yamaha ni wa mwenye viwanda, wahandisi wa ndani na akiba ya kustahimili muongo mmoja wa kujifunza. Ukikosa kimoja kati ya hivyo, chagua tawi moja tu la jirani na ulifungulie hesabu zake.

Njia ya Gibson ya 2013 hadi 2018 simshauri mtu. Ukiona mpango unaotaka kununua biashara nyingine kwa mkopo uliowekewa dhamana ya ala zinazoleta faida, ukatae hata kama michoro yake inapanda juu vizuri.

Na kama wewe ni mwekezaji unayepewa mpango wa kusoma, uliza ukuaji umepimwa kuanzia mwaka gani. Ukiambiwa 2019 hadi 2021, omba takwimu za 2023 na baada yake pia. Mwaka 2020 na 2021 watu waliokuwa nyumbani walinunua ala kuliko kawaida, kisha maduka mengi yakabaki na shehena isiyotoka. Kampuni iliyoajiri na kujenga kwa kudhani mwendo ule ni wa kudumu itaonekana kwenye ghala lake. Omba kuliona ghala kabla ya kusaini.